Wazee wa Potsdam Hawakimbii

Jumatatu, 13 Juni 1927
Pilgrimm, mwongozaji mwenzangu, kwisha habari yake! Anatayarisha filamu ya Mfalme Friedrich wa Prusia, nami natayarisha ya Mfalme Friedrich huyo huyo. Msambazaji, Bwana Stoltenhoff, kasema wazi: atakayemwonyesha vita bora Jumamosi ndiye atakayepata majumba ya sinema msimu wote wa vuli. Nikikosa, hakuna atakayenipa kazi tena Berlin. Lakini nina wanajeshi! Wa kweli! Wazee mia mbili wa chama cha wastaafu, Potsdam. Wanachotaka ni supu ya njegere na bia tu.

Jumanne, 14 Juni
Kikwazo kidogo. Nimeandika vita vya Kunersdorf, ambako Warusi walimtwanga mfalme wetu akabaki analia. Watazamaji watalowesha leso! Ila hakuna mzee anayekubali kuwa Mrusi. Sajini mstaafu Wuttke, mwenyekiti wao, kaniuliza kama mama yangu anajua kazi ninayofanya. Tukapiga kura kwa vijiti. Walioangukia Urusi wamenuna, hata supu hawakuigusa.

Alhamisi, 16 Juni
Siku ya vita. Moshi, mizinga, farasi, raha tupu! Nikapuliza kipenga Waprusia wakimbie. Hakukimbia hata mmoja. Nikapiga kelele wakimbie, jamani! Wuttke akanijibu kwamba yeye hakuwakimbia Wafaransa vitani Verdun, sembuse kumkimbia Schulze muuza nyama aliyevaa kofia ya Kirusi. Kisha Schulze na Warusi wenzake wakatupa bunduki, wakamshangilia mfalme! Wakambeba juu juu mpaka wigi likadondoka. Kamera ilinasa yote, na mkanda umekwisha. Maji yakimwagika hayazoleki. Nitamwambia Stoltenhoff ni ubunifu.

Jumamosi, 18 Juni
Stoltenhoff kaniuliza, kwa upole unaouma, kama niliwahi kusoma shule. Kila mtoto wa Ujerumani anajua nani alishinda Kunersdorf. Majumba kapewa Pilgrimm, ambaye alinipigapiga begani akaniita “kaka”. Nilikwenda kulia chooni. Nililia kweli.

Humo humo chooni, wazo! Jena, 1806, Napoleoni alipotufyeka! Kipigo kikubwa kuliko Kunersdorf! Nimempigia Wuttke simu papo hapo. Ameapa kwa heshima ya chama kwamba safari hii watakimbia. Ila kauliza Wafaransa watakuwa akina nani. Nikamwambia mzee wangu asihofu, tutapiga kura.