Kidirisha cha Kuitia Chai

Jumatatu, 1 Julai 2024, Ipagala

Kikao cha ukoo kitafanyika kwangu! Jumapili ya tarehe 14, na mwenyekiti mpya atachaguliwa hapo hapo. Mpinzani ni mmoja tu: binamu yangu Denis wa Kongwa, anayetambia makochi yake mapya. Makochi! Mimi nitawapa wazee ukumbi. Sebule ya wanaume, yenye mlango wake wa peke yake. Nafasi itatoka jikoni. Jiko la mke wangu Loisi ni pana kuliko ofisi niliyostaafia, na wanaofaidi upana huo ni kuku. Basi litavunjwa, lijengwe dogo huko nyuma, pembe ya mashariki, wageni wasilione. Wanawake wa ukoo wetu hawaingii kikaoni, kazi yao ni kupika, kwa hiyo mpango huu unawafaa hata wao. Sikuona sababu ya kuwauliza.

Alhamisi, 4 Julai

Fundi Nurdini, mtu wa Kondoa, kapiga kamba za vipimo vya msingi asubuhi. Loisi akaja na ungo wa uwele, akasimama hasa pale jiko litakapokaa, akapepeta mara mbili. Makapi yote yakanijaa usoni! Akauliza, Baba Erick umeona upepo wa mwezi huu unatokea wapi? Nikamjibu kwamba kupepeta si uhandisi. Nurdini akakohoa muda mrefu, kikohozi chenye meno nje. Nimewaambia wote wawili kazi iendelee.

Jumanne, 9 Julai

Kuta zimesimama, bati juu. Madirisha ya sebule ni mawili, madogo, karibu na dari, vioo havifunguki. Hakuna mwanamke atakayechungulia mambo ya wazee. Jiko nimelijengea nusu ukuta upande wa mashariki. Tofali zilikwisha, na jikoni nani anahitaji ukuta mzima?

Sasa ubunifu wangu mkuu: kidirisha kati ya jiko na sebule. Napiga makofi, chai inapita, mpishi haonekani. Denis hana! Nurdini akauliza kama akiwekee kifuniko. Loisi naye akasema kifuniko ni muhimu. Nimekataa, maana makofi yangu yatasikikaje?

Jumamosi, 13 Julai

Dada yangu mkubwa Paulina kafika kutoka Buigiri na sufuria tatu. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia huku akikitazama kidirisha, kisha akauliza mfungwa ni nani. Huyu dada anajua kila kaburi na kila mtoto wa ukoo, hata wale ambao baba zao wanajifanya hawawajui. Akataka kujua kwa nini asikae kikaoni. Nikamweleza kwa upole kwamba kupitia kidirisha atasikia kila kitu. Alicheka mpaka akakaa chini.

Loisi aliomba tuwashe moto tujaribu jiko. Jaribio la nini? Rangi bado mbichi. Kuta zangu nyeupe hazitaguswa na masizi kabla wazee hawajaziona.

Jumapili, 14 Julai

Wazee kumi na wawili. Mzee Elisante nimemkalisha kiti cha heshima, chini ya kidirisha. Nikasimama kuhutubia juu ya utaratibu katika nyumba. Nilipofika pale pa "kila mtu akae mahali pake", wazee wakaanza kulengwalengwa na machozi. Nikajua uenyekiti ni wangu! Nikapandisha sauti. Mzee Elisante akafuta macho kwa koti, akaniambia, mwanangu, tunaungua.

Moshi wote wa jikoni ulikuwa unamwagika kupitia kidirisha changu. Nikaingiza kichwa humo kuamuru moto uzimwe. Nilichokiona kiliniudhi: jikoni hewa safi kabisa, upepo unaingia juu ya nusu ukuta, wanawake wanamenya vitunguu na kuimba. Walichokuwa wanakipika sisi tulikuwa tunakivuta.

Nilipokichomoa kichwa, sebule ilikuwa tupu. Wazee wamehamia jikoni! Mzee Elisante juu ya kigoda, pembeni ya maharage. Kikao kikaendelea huko huko, nami nikakifuatilia kwa kidirisha. Likaja suala la shamba la marehemu babu, mpaka uko wapi. Denis akababaika. Paulina akautaja mpaka, mti kwa mti, bila kuacha kusonga ugali. Likaja la watoto wa marehemu kaka, akawataja wote na shule wanazosoma. Wakati wa kura mikono ikapanda, ya wanawake pia, mmoja ukiwa na mwiko. Dada Paulina mwenyekiti! Loisi katibu!

Mimi nilibaki sebuleni kuilinda isije ikaonekana imeachwa. Nikapiga makofi kuita chai. Wakadhani nampongeza Dada, nao wakapiga makofi. Niliumia, nasema kweli. Siku kumi za ujenzi, na hakuna hata mmoja aliyezisifu kuta. Chai ililetwa na Loisi mwenyewe, kwa mlango, akaniambia pole mume wangu, nafasi ipo jikoni. Nilikataa kwenda.

Jumatatu, 15 Julai

Naandika nikiwa sebuleni. Loisi anachemsha maharage, hivyo siioni vizuri karatasi. Nimelichunguza tatizo kitaalamu na jibu ni jepesi. Wazee walilipenda jiko. Basi jiko ndiyo sebule halisi ya wanaume! Wanawake wahamie huku wapikie huku, wapewe na ule mlango wa heshima. Kidirisha kibaki. Mwakani uenyekiti unakuja kwangu.

Nimempigia simu Nurdini aje na kamba kesho asubuhi. Akauliza kama safari hii nimewauliza wanawake. Sikuona sababu.