Bakteria wa Hiari

Jumatatu, 3 Februari 1986

Nimeposa! Au tuseme nimejaribu. Nilimwendea Mwalimu Faki alipokwisha kufunga madrasa, nikamtamkia wazi kwamba namtaka dada yake Mahfudha, yule mjane ambaye achari yake yajulikana toka Malindi hadi Mambrui. Alinisikiliza kwa adabu. Kisha akanipa jibu la Mahfudha mwenyewe, ambalo kumbe lilikuwa tayari kabla sijabisha hodi. Mji huu! Mahfudha asema hana neno nami, ila hajapata kuniona nikimaliza kitu nilichokianza. Siku atakayoniona, tutazungumza.

Nimeumia. Mimi ni fundi wa saa na redio. Ni kweli dukani mna saa nyingi zilizopasuliwa matumbo zikaachwa hivyo. Lakini saa hairekebishwi kwa pupa.

Jirani yangu Abdillahi, mwenye duka la vyakula, naye anamtaka. Amempelekea siki ya chupa kutoka Mombasa, katoni nzima, zawadi. Imerudishwa! Mahfudha asema yauma ulimi na haina harufu. Achari yake yataka siki ya tembo la mnazi, na Bi Nana wa Mambrui aliyekuwa akimtengenezea amehamia Lamu kwa mwanawe. Maembe yamekwisha kukatwa, kutiwa chumvi na kuanikwa. Siki hana.

Basi nitatengeneza siki. Mwanzo hadi mwisho. Na kwa siri, Abdillahi asije akaniiga.

Jumanne, 4 Februari

Bi Jedida wa maabara ya zahanati alikuja kuulizia redio yake. Bado. Ili kumtuliza nikamwuliza tembo hugeukaje siki. Redio akaisahau papo hapo. Ni kazi ya bakteria, akasema, na akanichukua mguu kwa mguu hadi maabara anionyeshe.

Nimeduwaa hata sasa. Kumbe kila bakteria ana sifa yake kuhusu hewa! Wako wa lazima: wasipoipata hawafanyi kazi, na mwisho hufa. Wako wa hiari: wakiipata hufurahi, wakiikosa hutafuta njia nyingine ya kuishi. Na wako ambao kwao hewa ni sumu. Alinitolea vichupa vitatu vyembamba vyenye rojorojo. Katika cha kwanza wingu jeupe lilikuwa juu tu, karibu na mdomo. Katika cha pili lilienea kote, juu zito zaidi. Katika cha tatu lilijikunyata chini kabisa. Nilitaka kukipindua cha tatu nione kama watapanda. Nikapigwa kofi mkononi.

Nikauliza hao wa hiari huamuaje. Hukutana? Bi Jedida akasema hawaamui chochote. Neno lile lasema wanachoweza, si wanachotaka. Na hakuna anayempa bakteria sifa kwa kumpendelea, atawekwa kwenye kichupa na kichupa ndicho kitakachosema. 

Hiari! Neno tamu. Nimelitafuna njia nzima. Sikuuliza wale wa siki ni wa aina gani. Muungwana haulizi kila kitu siku moja.

Alhamisi, 6 Februari

Kenga, mgema wa Gede, kaniletea tembo kwa baiskeli, mitungi miwili ya plastiki, akapitia uani. Nilimweleza ni la siki. Akaitikia kwamba naam, wateja wake wote wa mjini hutengeneza siki. Kisha akacheka kicheko ambacho sikukipenda. Tembo lilinukia vizuri lakini sikulisifu. Mgema akisifiwa, tembo hulitia maji.

Maagizo yake: mdomo wazi, kitambaa juu, uani penye upepo, kisha liache. Hayo tu. Nikafanya.

Adhuhuri haijafika, Abdillahi yuko dirishani. Pua ilitangulia, uso ukafuata. Aliuliza kama nimefuga kitu. Kisha akaniuliza hali yangu polepole, kama mtu anayeuliza hali ya mgonjwa.

Lahaula! Mimi, mposaji wa dada wa mwalimu wa madrasa, na tembo uani kwangu! Likishageuka siki lenyewe ni halali, kila mtu ajua hilo. Lakini leo ni tembo, na nani katika mtaa huu atangoja ligeuke ndipo aanze kusema? Nimeiingiza mitungi chumbani. Nimekaza vifuniko kwa koleo, nikazungushia mpira wa baiskeli. Harufu kwisha.

Na bakteria? Nimewafikiria sana. Viumbe wavumilivu kiasi hicho, wa kuishi ndani ya tembo, hawawezi kuwa wa lazima. Hapana. Ni wa hiari.

Ijumaa, 7 Februari

Abdillahi aliingia bila hodi, kanzu nyeupe ya Ijumaa, imepigwa pasi mpaka yakata. Asema amekuja kunipitia twende msikitini. Uongo. Alikuja kunusa. Akazunguka chumba kizima. Akainama penye mitungi, kando ya kitanda.

Kifuniko kiliruka kikagonga dari. Tembo likafuata. Lote, au karibu lote la mtungi mmoja, likamwishia Abdillahi kifuani.

Tulitazamana. Nikamwambia ni maji ya betri. Sijui yalitoka wapi maneno hayo, lakini yalitoka. Nikaongeza kwamba hula nguo, na baadaye ngozi. Abdillahi alikimbia huku akijivua. Nimesikia amejimwagia debe zima la maji kisimani na hata swala amechelewa.

Ushindi! Ila napungukiwa mtungi mmoja. Sababu ya mlipuko sijaijua. Pengine furaha ya bakteria.

Jumapili, 9 Februari

Kenga kaleta mtungi mwingine. Safari hii kila asubuhi nalegeza kifuniko kidogo, gesi yapiga mluzi, nakaza tena upesi. Wenyewe wametulia.

Kutwa nimekuwa nikiwapanga watu kwa vichupa vya Bi Jedida. Abdillahi ni wa lazima: mtoe kwenye baraza ya duka lake, mnyime habari za watu, hamalizi wiki. Kenga ni wa hiari, mvua inyeshe isinyeshe, wateja wawe masheikh au walevi, ataishi tu. Mwalimu Faki simwelewi, huenda ni wale wa chini kabisa.

Kisha nikajiuliza, na mimi? Kwa Mahfudha mimi ni wa lazima. Naona haya kuandika lakini ndiyo kweli. Tangu aliposimama dukani mwaka jana kuulizia saa ya marehemu mumewe, akasema nisiharakishe, sijapumua vizuri. Ninaloogopa ni kwamba yeye kwangu ni wa hiari. Akinipata, vyema. Akinikosa, ataendelea na achari zake.

Ijumaa, 21 Februari

Asubuhi. Mluzi umekwisha. Povu limekwisha. Siki imeiva! Sijaionja, sharti aonje mwenyewe kwanza. Nimejaza chupa safi na kuifunga utepe. Mwanzo hadi mwisho!

Jioni. Mwalimu Faki alinikaribisha ukumbini. Mahfudha alikuwa nyuma ya pazia, nilisikia bangili zake. Nilitoa hotuba fupi kuhusu bakteria na subira. Mwalimu alitikisa kichwa kwa kuridhika, akasema elimu ni nuru, akajimiminia kijiko kikubwa.

Alisimama. Alitoka uani. Alisukutua kinywa, akasukutua tena, hata nikaanza kuwahurumia wachota maji. Aliporudi alinena kwa upole, jambo lililonitisha zaidi. Alisema lile ni tembo, na kali kuliko anavyodhani tembo huwa, ingawa yeye hana la kulilinganisha nalo. Akanifungulia mlango.

Nyuma ya pazia kulikuwa na sauti. Nadhani alikuwa analia. Nimemwaibisha Mahfudha. Nataka kufa.

Jumamosi, 22 Februari

Nimemweleza Bi Jedida yote. Alicheka mpaka akavua miwani. Bakteria wa siki ni wa lazima! Wa lazima hasa, kichupa cha kwanza, wale wa juu kabisa. Nimewakaba roho wiki mbili. Waliokuwa wakifanya kazi ndani ya mitungi ni hamira, ambayo hata si bakteria, na hiyo ndiyo ya hiari: hewa ikikosekana hugeuza sukari kuwa ulevi. Kumbe nilikuwa kiwanda cha pombe.

Nilimwambia niliziba kwa sababu ya harufu na maneno ya watu. Akasema mficha uchi hazai. Nikamwuliza je, hawawezi kufundishwa, wakazoezwa kidogo kidogo mpaka wakawa wa hiari? Akasema sifa hiyo ni maumbile yao, si mazoea. Hata wakae miaka. Alinieleza mara mbili. Kisha akaulizia redio.

Jumapili, 23 Februari

Mahfudha amekuja! Alisimama mlangoni pa duka, kaka yake hatua chache nyuma akitazama upande mwingine. Nilimwamkia, nikaanza kuomba radhi, akanikatiza. Alisema hakuwa analia. Alikuwa amejifunga leso mdomoni asisikike akicheka, na mpaka leo mbavu zamuuma. Tangu mumewe afe, alisema, hajacheka hivyo.

Sijui niandikeje.

Akasema kwamba lau ningemwuliza, angeniambia alivyofanya Bi Nana: mdomo wazi, kitambaa, upepo, na mikono mbali. Tembo langu halijapotea. Niliweke uani, nisiliguse, Abdillahi na pua yake wanuse watakavyo. Mwisho wa Machi atatuma mtu. Siki ikiwa siki, Mwalimu Faki atapokea posa, hilo ameshamkubalisha. Maembe yake ya chumvi yataweza kungoja. Yeye pia, akasema. Hilo la mwisho alilisema chini chini huku akigeuka kwenda.

Kazi yangu ni kutofanya kitu! Hakuna aliyewahi kunipa kazi inayonifaa hivi.

Jumapili, 9 Machi

Inageuka! Nimefunua kitambaa kuchungulia, kuchungulia si kugusa. Juu kuna utando mweupe mwembamba, upo juu tu, kama kichupa cha kwanza. Ni wao! Wamekaa mdomoni wanavuta hewa yao. Nilipiga magoti nikawatazama mpaka chai ikapoa. Najiuliza walitoka wapi. Kwenye mnazi? Kwenye upepo? Kwenye kitambaa changu? Bi Jedida asema huenda na inzi wamechangia. Dunia ina mambo.

Harufu si ya tembo tena. Ni kali, safi, yapanda puani. Abdillahi alipita akanusa, akasimama, akauliza kama nitauza. Nilimwambia nitafikiri.

Alhamisi, 13 Machi

Habari kubwa! Mwalimu Faki ameniletea salamu kwamba Jumapili baada ya alasiri atakuja na mjomba wao wa Mambrui, mzee mwenye heshima zake, waione nyumba atakayokaa Mahfudha. Mahfudha ameongeza neno lake: siki niiache ilivyo, wazee ni wake, atajua yeye.

Ana huruma sana. Lakini mwanamume lazima ajiongeze. Nimenunua udi. Nimefagia. Nimefunika saa zilizopasuliwa kwa shuka. Imebaki mitungi. Kwanza, uani panawasha pua, na mzee wa watu hawezi kupokewa hivyo. Pili, siki imepungua kwa kukauka, na mitungi isiyojaa yatoa picha ya mtu asiyemaliza kazi. Kwa bahati Kenga alikuwa mjini na tembo la asubuhi hii hii, lingali lachemka povu. Nimejazia mpaka shingoni. Utando umezama, utapanda. Nimeingiza mitungi yote miwili ukumbini, chini ya benchi watakapokaa wageni, maana mahali pengine hapana. Vifuniko nimekaza kwa koleo, juu yake mpira wa baiskeli, mara mbili ya zamani.

Nayakumbuka ya Bi Jedida. Sifa ni maumbile, si mazoea. Lakini yeye huwaona kwenye vichupa tu. Mimi nimeishi nao nyumba moja. Wiki hizi zote wamevuta hewa bure, mchana na usiku, bila kukatazwa na mtu. Kufikia sasa, bila shaka, wamekwisha kuwa wa hiari.