Vernon Tackett na Nguvu ya Saba

Vernon Tackett aliingia kwenye hoteli moja mjini Dayton kukwepa baridi tu. Chaja za simu alizokuwa akiuza barabarani zilikuwa zimeanza kutoa moshi mikononi mwa wateja, na mteja mmoja alikuwa bado anamtafuta. Ndani akakuta ukumbi umejaa watu wazima wenye majoho na masikio marefu ya plastiki, wanabishana mpaka mishipa ya shingo imewasimama.

"Wewe Radi? Wewe?" Bwana mmoja mnene mwenye taji alikuwa akimfokea mwenzake. "Hata Umande hufiki! Wewe ni Kutu mtupu!"

Aliyeitwa Kutu alikaribia kulia.

Vernon akasogea kwa mama mmoja aliyevaa mabawa, akauliza kwa adabu kulikoni. Akaelezwa kwamba hao ni wapenzi wa Orrindel, ulimwengu wa kubuni ambao mchezo wake wa mezani wameucheza tangu ujana wao. Huko Orrindel kila kiumbe ana nguvu yake ya siri, na nguvu zina madaraja sita, kuanzia Kutu, ya chini kabisa, hadi Radi, ya wafalme.

"Na mtu anajuaje yake ni ipi?"

Mama akashusha pumzi, mabawa yakatikisika. "Ndiyo ugomvi wenyewe, kaka. Kila mtu anajichagulia."

Wapo watu ambao wakisikia neno kama hilo huhuzunika. Vernon alisikia njaa.

Alivuka barabara, akanunua kipimajoto chenye mshale, cha kuchomeka kwenye nyama ya kuoka, akakizungushia waya wa shaba, akarudi na kukilaza mezani juu ya skafu ya buluu. Haikupita saa, foleni ilikuwa imefika kwenye lifti.

"Shika hapa. Usipumue." Kisha uso wa msiba. "Kutu."

Wote walikuwa Kutu. Lakini Vernon alikuwa mtu wa huruma: akaeleza kwamba ni vumbi la safari tu limefunika nguvu, na kwa mchango mdogo ndani ya kopo la biskuti angeweza kulisafisha. Aliwapaka viganjani mafuta ya kujipaka ya hoteli, na aliyetoa zaidi akaachiwa kukishika zaidi, mshale ukapanda kwa kadiri ya mchango.

Bwana wa taji, daktari wa meno aitwaye Dale Huffstetler, alilipa hadi akawa Radi. Akageuka, akatazama ukumbi, akarudi amekasirika.

"Radi zimejaa humu kama siafu! Juu ya Radi hakuna kitu?"

Vernon akatazama dari, akashusha sauti. "Ipo ya saba. Inaitwa Kimya."

"Haimo kwenye kitabu cha mchezo!"

"Ingekuwa kitabuni ingeitwa Kimya?"

Dale akaumimina mkoba wake wote kwenye kopo. Mshale ukapanda, ukapanda, ukagoma padogo tu kabla ya kilele. "Pole, bwana. Kidogo sana kimebaki," Vernon akasema, akamwita anayefuata.

Anayefuata alikuwa bibi wa sweta la kijivu, Idella Prochaska. Hakutoa mkono. Alikamata mkono wa Vernon.

"Mpimaji naye hupimwa, mwanangu." Akamshikisha kipimo, akatazama, akavua miwani. "Hee!"

"Nini, bibi?"

"Aliyebuni Orrindel ni marehemu kaka yangu. Kimya aliniambia mimi peke yangu, jikoni kwangu. Nani kakuambia?"

Vernon alikuwa ameibuni Kimya mwenyewe muda mfupi uliopita, kwa kukosa la kusema.

"Ulidhani umeibuni," bibi akanong'ona, machozi yakimlengalenga. "Wenye Kimya hawajijui mpaka iwatoke mdomoni."

Baba yake Vernon alizoea kumwita hasara. Walimu walimwita majina mengine. Katika maisha yake yote hakuna aliyewahi kumwambia kwamba ndani yake kuna kitu.

"Panda kwenye kiti," bibi akasema. "Funga macho. Usitamke neno mpaka nikuguse bega, la sivyo itakutoka."

Akapanda. Ukumbi mzima ukapiga magoti. Alisikia magoti ya watu wazima yakilia moja moja. Kisha akasikia kopo la biskuti likinyanyuliwa mezani, limejaa noti. Mlio huo aliujua kuliko sauti ya mama yake.

Na hakufumbua macho. Je, kama bibi alikuwa akisema kweli?

Alisimama hivyo mpaka miguu ikafa ganzi. Mwishowe mkono ukamgusa bega. Ulikuwa wa Dale, na ukumbi ulikuwa mtupu.

"Mzee wangu, samahani kukukatiza. Yule bibi aliondoka na kopo. Tulidhani ndivyo inavyofanywa."

"Ndivyo inavyofanywa," Vernon akasema polepole, akishuka.

Dale alimtazama kwa heshima, taji kalishika mkononi. Aliuliza kwa sauti ya mtu aliye kanisani:

"Niambie tu. Kimya ikoje?"

Vernon akapapasa mifuko yake mitupu.

"Inachosha," akasema. "Una nauli ya basi?"