Mukwe Wangu Anashuka Chini ya Meza

Lubumbashi

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Mambo ya Inje, Kinshasa

Mheshimiwa Waziri,

Mimi ni Constantin Ngoie, muzee niliyestaafu kazi ya reli, Mukatoliki, baba ya batoto sita, muntu ambaye hajawahi kuisumbua serikali kwa barua. Leo ninakusumbua. Naomba uvute kiti, maana jambo lenyewe ni refu na mimi niko na hasira.

Binti yetu Princesse aliolewa mwaka jana na kijana wa Zambia, jina lake Kasonde. Kijana muzuri, ana adabu, na hiyo adabu yake ndiyo imetumaliza. Anapiga mihuri ya pasipoti kwenye kituo kimoja cha mpaka ambacho sikitaji, kwa sababu niko na mukwe ndani yake. Princesse sasa iko na mimba ya kwanza, mwezi wa tisa, na kila asubuhi anapiga simu akilia, anataka mama yake. Mama yake, yaani bibi yangu Régine, ametoka hapa nyumbani mara mbili na amerudi mara mbili. Malalamiko yangu ni haya.

1. Kwetu sisi Baluba, na kwao Babemba vilevile, mukwe na mama mukwe habaangaliani usoni. Bakikutana njiani, mumoja anaingia kwenye majani. Jumanne, Régine alipofika dirishani na kumwona Kasonde, alijifunika kitenge kichwa chote akageukia ukuta. Kasonde naye akashuka chini ya meza. Sheria inasema lazima ofisa alinganishe uso na picha. Sasa uso uko ukutani, ofisa iko chini ya meza, na nyuma yao malori yanapiga honi. Mheshimiwa, kati ya hawa babili, nani amekosa?

2. Alhamisi, Régine, kwa heshima, akaenda dirisha la pili. Kasonde, kwa heshima, alikuwa amehamia dirisha la pili. Dirisha la tatu alikuwapo mwenzake, Régine akamushukuru Mungu, kumbe ni mwana wa baba mudogo wa Kasonde! Kwa hiyo naye ni mukwe. Naye akashuka chini ya meza.

3. Mukubwa wao akaamuru basi Kasonde aangalie picha tu. Yo! Picha ya mama mukwe si sura ya mama mukwe? Kijana aliishika pasipoti juu chini, akaiomba radhi. Kisha bakataka gunia lifunguliwe. Ndani mulikuwa samaki ya kukauka ya Pweto, unga, na vitenge vya kubebea mutoto, sawa. Lakini mulikuwa pia nguo za ndani za Régine, ambazo mukwe hapaswi hata kujua kama ziko duniani. Régine alilikalia lile gunia mpaka kituo kilipofungwa, akarudi nalo.

4. Redio inatuambia kwamba nchi hizi mbili zimefungwa pamoja na maadili ya pamoja. Maadili gani hayo, Mheshimiwa? Sisi tunalo moja, linajulikana kutoka Kasenga mpaka ng'ambo ya Luapula, na hakuna askari anayelilinda. Bantu banalishika benyewe, hata mulevi analishika. Halafu ninyi bakubwa munamuweka kijana mwenye adabu dirishani ili alivunje mbele ya madereva! Hiyo ni matusi.

5. Tuende mbele. Sisi tulitoa binti, bale balioa. Kwa hiyo Zambia ni mukwe wa Kongo, na sielewi kwa nini balozi wao anakalia kiti mbele yako. Akae kwenye mukeka, aangalie chini, na asije mikono mitupu. Kuku mumoja atatosha. Ni kweli mutoto wa dada yangu, Fils, ameoa Kitwe, kwa hiyo Kongo nayo ni mukwe wa Zambia. Sikatai. Basi mabalozi bote babili bakae chini, mugongo kwa mugongo, na mushenga apite katikati akibeba maneno. Muntu asiyekuona hawezi kukukunjia uso, na vita vingi vingekosa pa kuanzia.

Ninaomba basi sheria mupya: kila aliyeozesha ng'ambo apite mpakani bila kuangaliwa, bila picha, bila kufunguliwa gunia. Usiniambie mutatafuta ofisa asiye na ukwe na sisi. Nimeuliza. Bote ni bakwe, isipokuwa mumoja ambaye ni mutani wetu, na huyo anacheka tu mpaka machozi, hafanyi kazi.

Fanya haraka, nakusihi. Princesse iko peke yake kule, na mimi baba siruhusiwi kuingia chumba cha kuzalia. Naogopa sana.

Pokea, Mheshimiwa, heshima ya muntu anayekuandikia kichwa kikiwa kimeinama, ingawa sisi si bakwe. Unisalimie mama wa nyumbani, batoto, dereva, askari wa mulangoni, na hata yule atakayepewa kazi ya kuitupa barua hii.

Constantin Ngoie

P.S. Bahasha ilikuwa imefungwa, nimeifungua tena. Leo asubuhi uchungu ulimushika Princesse, na Régine akaondoka bila hata kuniaga. Kufika dirishani akavua kitenge, akagonga meza kwa sandali, akamuamuru Kasonde atoke kule chini amwangalie. Akatoka. Akamwangalia. Akapiga muhuri huku analia, akabeba gunia mwenyewe mpaka hospitali. Mutoto ni mwanamuke, muzima kabisa, na Régine na mukwe wake bamekwisha kugombana juu ya jina.

Kwa hiyo ile sheria mupya niliyoomba, uiache. Kesho nami ninavuka. Kasonde ameahidi kunipitisha bila kuniangalia na bila kufungua mizigo, nami nimemukatalia. Afungue mpaka chini ya gunia, anikazie macho, anipige muhuri kama muntu mugeni. Tangu harusi ananiamkia akiangalia viatu vyangu, na mpaka leo sijui macho ya mwanangu yako namna gani.