Hodi Kwenye Simu za Watu

Jumatano, 6 Mei

Nimedharauliwa. Tena kwenye kundi la familia, mbele ya mashangazi wote.

Mpwa wangu, binti wa dada, anachumbiwa. Wakwe wako mbali, hivyo mazungumzo yatafanyika Jumapili kwa simu ya video, kila mtu aonekane uso. Hilo sina ugomvi nalo. Ugomvi ni nani atasema kwa niaba yetu. Baba wa binti alishatangulia mbele ya haki. Mjomba mtu ni mimi, mmoja tu, niliyembeba mgongoni wakati wengine hawajui hata kama anatambaa au anatembea. Lakini yuko baba yake mdogo, tunayemwita Mwenyekiti kwa sababu aliwahi kuongoza kamati ya wazazi shuleni, na moyoni mwake hajashuka kwenye kiti kile mpaka leo. Mwenyekiti kaandika kwamba mkutano utakuwa kwenye zile simu zenye tunda mgongoni. Yeye anayo, dada anayo, wakwe bila shaka wanazo. Fundi wa makochi, yaani mimi, simu yake haina uwezo huo. Basi nitume salamu za maandishi, naye atazisoma akipata nafasi.

Akipata nafasi!

Nikajibu kwamba simu ya tunda nilishanunua zamani, ila sipendi majivuno. Mke wangu aliusoma ujumbe huo akiwa jikoni. Amecheka mpaka ameshika ukuta.

Alhamisi, 7 Mei

Nimenunua tufaa moja sokoni. Tufaa nimelila. Kibandiko chake nimekibandua taratibu, nimekibandika nyuma ya simu yangu. Kwa mbali huwezi kujua. Kwa karibu kinasomeka "matunda bora", lakini nani atakuja karibu?

Simu haikubadilika tabia.

Mchana mpwa wangu akaniandikia. Huyu ni mtafsiri, anakula kwa Kiswahili sanifu, hakifanyii mzaha hata akiwa na njaa. Akasema nisihangaike, amenitumia kiungo, nikifungue kwenye kivinjari, nitaingia kwa simu yoyote ile. Nikafurahi. Nikamuuliza mke wangu kama kuna mzigo umeletwa. Akauliza mzigo gani. Nikasema kiungo. Akanikazia macho, akataka kujua mchuzi wa jana ulikuwa na kasoro gani. Nimekula bila kusemeshwa.

Kivinjari nilikwenda kukitafuta kwa muuza vifaa vya ujenzi. Sikutaka kuonekana mshamba, nikauliza bei tu. Akaniangalia, akaangalia rafu, akasema vimekwisha, vitaletwa wiki ijayo, ila vya siku hizi si imara kama vya zamani. Nikakubaliana naye kabisa. Tumelaumu viwanda kwa muda mrefu.

Ijumaa, 8 Mei

Mpwa kapiga. Kaongea kwa upole kama anamwelekeza mgonjwa. Kivinjari ni palepale ninapotazamia matokeo ya mpira. Kiungo ni yale maandishi ya bluu aliyonitumia. Nikiyabonyeza ukurasa utafunguka, nitajaza jina, nitaomba kuingia, na mama yake, ambaye ndiye mwenye mkutano, atabonyeza kunikubalia. Ni sawa na kugonga mlango, alisema, na kusubiri mwenye nyumba afungue. Akaomba tufanye mazoezi. Nikakataa. Mtu mwenye simu ya tunda hafanyi mazoezi. Akanikumbusha kwamba sina simu ya tunda. Nikamwambia asiseme kwa sauti.

Kisha akaniambia jambo lililonitia baridi. Babu wa mchumba wake ndiye mwenye kauli ya mwisho, na moyo wake mzito. Amesikia kwamba kwetu ni watu wa kujisikia. Atatusikiliza Jumapili, asiporidhika basi, posa imekufa. Sauti ya binti ilitetemeka. Nampenda mtoto yule kuliko ninavyoonyesha. Nikamwambia aniachie mimi.

Halafu nikakaa kufikiri jinsi ya kummaliza Mwenyekiti.

Jumamosi, 9 Mei

Mke wangu kasafiri alfajiri kwenda kwa dada kusaidia mapishi. Mimi nimebaki kwa sababu ya makochi ya daktari wa meno. Nimebaki pia na nafasi ya kula njama bila kuchekwa.

Kwanza, Mwenyekiti. Nimeweka onyo kali kwenye kundi. Matapeli wameingia. Wanajifanya ndugu, wanaomba kuingia kwenye simu za video, na ukibonyeza tu kuwakubalia, wanafyonza kila kilichomo: picha, majina, mpaka siri za ndoa. Usipomjua mtu, usibonyeze kitu. Chini nikaweka: Wataalamu. Shabaha yangu ni Mwenyekiti apigwe na woga, aogope kujiunga akiwa kwake, kiti cha msemaji kibaki wazi. Dakika hiyohiyo akauliza kama ni kweli. Nikajikausha.

Pili, makochi. Daktari aliniletea seti yake nibadilishe vitambaa. Nimeimaliza. Nyekundu iliyoiva, vifungo vya rangi ya dhahabu, na kochi la watu watatu ambalo ukilikalia unaanza kuongea taratibu bila kukusudia. Anakuja kulichukua Jumatatu. Jumapili ni langu. Nimefagia karakana, nimetundika pazia mbele ya magunia ya sponji, nimeazima koti kwa jirani mwalimu. Nimejiangalia kwenye kamera. Naonekana mtu mwenye sebule. Nikivuta pumzi, naonekana mtu mwenye sebule mbili.

Jumapili, 10 Mei

Lazima niandike haya kabla sijalala.

Nilibonyeza kiungo. Ukurasa ukafunguka, safi kabisa. Kisanduku kikaniuliza jina. Hapa nataka nieleweke. Mpwa mwenyewe alisema ni sawa na kugonga mlango. Mtu mwenye adabu akifika mlangoni kwa watu haanzi kutangaza jina lake kama karani wa mahakama. Nikaandika Hodi.

Nikaomba kuingia. Simu ikasema nisubiri. Nikasubiri. Nikakunja nne. Nikakunjua. Nikasubiri.

Yaliyotokea upande wa pili nimesimuliwa na mke wangu kwa simu jioni hii, akikatiza kila mara ili acheke. Onyo langu lilikuwa limemwingia Mwenyekiti hasa. Hakuthubutu kutumia simu yake. Alikwenda mwenyewe kwa dada, akaketi kiti cha katikati, uso kwa uso na simu ya mwenye mkutano. Yaani nilimpeleka mimi! Mara kwenye kioo ikatokea kwamba Hodi anaomba kuingia. Dada, mtu wa heshima zake, akajibu karibu. Hodi akabaki palepale. Dada akapaza sauti, karibu ndani. Shangazi mmoja akaenda kufungua mlango wa nje, akakuta mbuzi wa jirani. Dada aliponyoosha kidole kubonyeza, Mwenyekiti akamshika mkono. Akauliza nani humu ndani anamjua mtu aitwaye Hodi. Hakuna aliyemjua. Akawasomea onyo la Wataalamu kutoka mwanzo hadi mwisho. Wakaniacha nje.

Akaanza hotuba. Alieleza ukoo. Alieleza kamati ya wazazi na choo ilichojenga. Alieleza simu yake, na jinsi familia yetu ilivyo familia ya simu za aina hiyo. Babu wa mchumba akasinzia, akaamka, akasema kwa ukavu kwamba wamesikia, wao watakwenda kufikiria. Kila mtu sebuleni alijua maana yake. Mpwa wangu alikuwa amesimama mlangoni pa chumba, machozi yakimtiririka. Ndipo alipoitupia macho simu ya mama yake, akaona Hodi bado yuko mlangoni, akajua ni nani. Mtafsiri yule, nani mwingine angejua! Akampita Mwenyekiti, akabonyeza.

Nikaingia. Nyuso zote zikanigeukia. Babu akauliza huyu Bwana Hodi ni nani. Nikasema ndiye mjomba mtu. Akasema basi karibu, Bwana Hodi. Nikakohoa kidogo, nikafungua mdomo, na papo hapo mlango wa karakana ukafunguliwa. Daktari wa meno, na vibarua wawili. Atapata wageni kesho asubuhi, kaamua kuwahi.

Nikamkonyeza asubiri. Akadhani namruhusu. Vibarua wakashika kochi, mmoja huku, mwingine kule. Sikunyanyuka. Msemaji wa familia hanyanyuki katikati ya sentensi. Wakanibeba hivyohivyo. Nikaendelea kusema tukipita mlangoni, tukimpita fundi baiskeli aliyebaki mdomo wazi, tukilipita duka la dawa, kwamba binti yetu ana subira, ana akili, na tangu mdogo hajui kumdharau mtu. Kabla hata hatujatoka, pazia lilinasa kwenye vifungo vya koti, likatufuata. Magunia ya sponji yakaonekana yote. Kwenye gari wakainamisha kochi kulipakia, nikateremka mzimamzima hadi chini, simu ikaanguka chali ikionyesha mawingu. Nikasikia daktari akihoji, kwa sauti ya kusikika mtaa mzima, kwa nini kochi lake lina mtu.

Kisha nikasikia kicheko. Cha babu. Kirefu, cha mtu ambaye hakuwa amecheka siku nyingi. Alipopata pumzi akasema wanaojisikia hawabebwi barabarani juu ya kochi la watu. Familia hii sasa ameielewa. Wapange siku ya harusi.

Nililia palepale barabarani, koti la mwalimu likiwa na vumbi. Sioni haya kuandika hivyo. Fundi baiskeli aliniletea kigoda.

Jumatatu, 11 Mei

Ushindi! Wote wanasema ni bahati. Mimi najua ni mipango.

Mpwa kapiga kunishukuru. Kisha akaniomba kitu kimoja. Babu atanipigia leo. Nimwambie ukweli mtupu: simu ya kawaida, kivinjari, karakana, kochi la daktari. Hayo ndiyo yaliyomlainisha babu, alisema, aliona mtu wa kawaida. Nikamwahidi. Niliahidi kwa dhati kabisa, mkono kifuani.

Babu akapiga. Kaniita Bwana Hodi. Kasema harusini msemaji ni mimi, hataki kusikia mwingine. Nikatamani Mwenyekiti awe anasikiliza nyuma ya ukuta. Kisha mzee akashusha sauti. Akakiri kwamba ukali wake wote ulikuwa woga. Alisikia kwamba kwetu kila mtu ana simu ya tunda, na yeye ana simu ya kawaida, ya zamani, imepasuka kioo, na jana ilibidi mjukuu wake amwingize mkutanoni kwa kivinjari. Aliogopa tutamcheka. Akaniuliza, kwa aibu kidogo, mimi natumia simu gani.

Ukweli ulikuwa umeshafika kwenye ncha ya ulimi. Lakini nikawaza, mzee mzima kajishusha kiasi hiki, atapata faraja gani akijua kwamba na mimi niko huko huko chini? Nikamwambia yangu ni ya tunda, toleo ambalo halijafika hata madukani.

Akajibu haya, bila kuniita tena Bwana Hodi.

Nikamwonea huruma mzee wa watu. Nikamtia moyo, nikamwambia asijisikie vibaya hata kidogo, harusini nitamkalisha meza moja na mimi. Sisi wenye simu za maana hatubagui mtu.