Lita Mia Tatu za Baba Erica

"Lita mia tatu kwa watu watatu? Tunaoga au tunafuga viboko?"

"Mama Erica, usimkatishe fundi," Gasper alimkemea mkewe. "Jirani ana mia mbili."

"Jirani ana wapangaji!"

Ugomvi huo ulianza na chai, na Sebastian, fundi wa kujipachika, hakuwa na haraka ya kuuzima. Getini kirikuu chake, kigari cha mizigo, kilisubiri magunia ya mahindi, chakula cha nyumba hii cha mwaka mzima, ambacho Gasper alikuwa amekubali kukitoa kama malipo ya mtambo wa jua wa kuchemsha maji.

Sebastian alimnusa Gasper Jumapili iliyopita, nje ya kanisa. Gasper alikuwa akimuuliza jirani habari za mtambo wake. Hakuuliza kama maji yanapata moto. Aliuliza kama tangi linaonekana kutoka barabarani. Mtu wa namna hiyo hatafutwi. Hupokelewa kwa shukrani, kama mvua.

"Shemeji, hesabu ni nyepesi," Sebastian alimwambia Fides, mama Erica. "Mtu mmoja, lita arobaini kwa siku. Mko watatu, mia na ishirini. Lakini wakwe wa Nakonde wakija? Kipaimara je? Baba Erica ni mtu wa watu. Mimi nampimia watu saba, zinazobaki za vyombo."

"Umesikia?" Gasper alisema. "Mtu wa watu."

Fides alitazama paa. "Na mirija yenyewe ya kunasa jua, kumi? Sufuria la harusi hulibandiki kwenye jiko la kuchemshia uji wa mtoto. Tangi kubwa hivyo linataka mirija mingi."

"Teknolojia, shemeji. Weka mkono."

Fides alifungua bomba, akauondoa mkono haraka. Maji yalikuwa ya moto kweli. Hilo halikuwa kosa la jua, kwani ukungu ulikuwa haujaondoka Tunduma na tangi lilipandishwa jana jioni. Sifa zilimstahili Masumbuko, dereva wa kirikuu, aliyepanda alfajiri na kulimiminia tangi ndoo kadhaa za maji yaliyochemka.

Fides aliutazama ukungu. Kisha akamsogelea Masumbuko, akavuta pumzi. Moshi wa kuni. Akanyamaza.

Mke akinyamaza katikati ya ugomvi, mwenye busara huaga. Sebastian alikuwa anatazama mahindi.

"Hata watu saba waoge leo leo!" alitamba.

"Vizuri," alisema Fides. "Wapo."

Akafungua mlango wa sebule. Wanakwaya saba kutoka Ihanda, wageni wao tangu jana, walikuwa wameamka wakisubiri maji ya kuoga kabla ya ibada. Sebastian alitabasamu kwa meno yote, maana uso ulikuwa hauna kingine cha kufanya.

Wa kwanza alitoka anasifu. Wa pili alitoka anaimba. Wa tatu alitoka haraka kidogo, bila maoni. Wa nne alikuwa Yonasi, mwimbaji wa besi tangu ujana wake. Kutoka bafuni ikasikika sauti nyembamba ambayo akina mama wa kwaya wenyewe wangeionea wivu.

Yonasi alitokeza amejifunga kanga, povu mpaka masikioni. "Nani kafungulia barafu?"

"Hewa imeingia kwenye mirija," Sebastian alisema, akipanda ngazi mbio hadi paani. "Naitoa sasa hivi."

"Labda ni hewa kweli," Gasper alinong'ona.

"Baba Erica, mwezi wa pili mahindi yakiwa hayapo, utakula hewa?" Fides alimuuliza.

Gasper aliyatazama magunia. Akamtazama Yonasi anavyotetemeka. Kwa mara ya kwanza asubuhi ile hakulitazama tangi.

Fides aliikamata ngazi, akailaza chini.

"Shemeji! Nitashukaje?"

"Yonasi akisuuza povu, na hawa watatu nao wakioga. Masumbuko, kuni ziko pale. Washa, wewe ni mzoefu."

"Mama, mimi ni dereva tu..."

"Washa!" alinguruma Yonasi, na besi yake ilikuwa imerudi.

Masumbuko akawasha. Maji yalipochemka, Gasper aliurusha mwisho mmoja wa kamba juu ya paa, na mwisho wa pili akaufunga kwenye mkono wa ndoo, mwenyewe, fundo juu ya fundo.

"Mahindi hayatoki," alisema. "Vuta, fundi."

Sebastian akavuta.