Bwana Mpya wa Mji wa Kolon

Desderius Ndyamukama hakuwa na kibanja. Hakuwa na mgomba hata mmoja wa kuegemea akipiga miayo, hakuwa na mbuni wa kuchuma, na hakuwa na mke, maana wazazi wa kila binti aliyemposa kuanzia Kituntu hadi Kibingo walimuuliza swali lilelile: binti yetu atapika matoke ya shamba la nani? Hakuwa na ng'ombe, hakuwa na baiskeli, hakuwa na jino moja la mbele, wala hakuwa na mahali ambapo, siku akifa, watu wangeweza kumzika bila kuomba ruhusa. Shule alikuwa nayo kidogo, ulimi alikuwa nao tele, na begani alichukua mfuko wa turubai wenye shati la pili na kitabu.

Kitabu hicho hakikuwa cha dini. Kilikuwa cha Kijerumani, cha kuwaongoza wasafiri katika mji mkongwe wa Kolon, huko Ulaya. Kitabu cha namna ile ambayo mgeni hukishika mkononi ili ajue kanisa lipi alitazame, nyumba ipi ya wageni haina kunguni, na daraja lipi litamvusha mto Rhine. Desderius alikiokoa sokoni Bukoba kwa muuza karanga aliyekuwa akichana kurasa zake ili kufungia karanga. Sura tatu za mwanzo zilikwisha kwenda na wateja. Picha zilibaki, na ramani kubwa iliyokunjwa mwishoni ilikuwa nzima. Kijerumani hakukijua kupita salamu za asubuhi, lakini hilo halikumkosesha usingizi. Wenye vitabu ni wengi kuliko waliovisoma.

Mwaka wa 1949 alifika Ihanda, akapiga hodi kwa Ta Rwegoshora.

Ta Rwegoshora alikuwa mtu wa nyarubanja. Maana yake ni kwamba vibanja vingi vya Ihanda vililimwa na watu wengine, lakini yeye ndiye aliyekuwa bwana wa ardhi. Hao wengine waliitwa watwarwa wake, na kila msimu walimletea mikungu na vibuyu vya rubisi, pombe ya ndizi, kwa heshima, au angalau kwa woga. Siku hizo heshima ilikuwa imepungua na woga ulikuwa ukiisha. Watwarwa walikuwa wamejifunza njia ya kwenda kwenye baraza la gombolola, lililosikiliza kesi za ardhi, na waliporudi kutoka huko walisalimia wakiwa wamesimama wima.

Desderius alikaribishwa, akapewa kahawa ya kutafuna. Mke wa mwenye nyumba, Ma Placidia, akapita akinukia vizuri. Mezani palikuwa na chupa ndogo ya marashi, na kwenye karatasi ya chupa ilichorwa picha ya kanisa lenye minara miwili iliyochongoka. Desderius aliacha kutafuna. Kanisa hilohilo, kwa minara yake hiyohiyo, lilikuwa ndani ya mfuko wake, ukurasa wa katikati.

"Ta Rwegoshora," akasema taratibu, "ni nani aliyekupa picha ya nyumbani kwangu?"

"Kwako wapi?"

"Hapo, kwenye chupa ya mama."

Akatoa kitabu, akakifungua, akakiweka kando ya chupa. Rwegoshora alitazama huku, akatazama huku, akahesabu minara kwa kidole.

"Hili ni kanisa," akasema. "Kanisa ni la Mungu."

"Kanisa ni la Mungu. Kiwanja ni changu."

Kisha akaeleza, kwa sauti ya mtu anayeona aibu kujisifu, kwamba vita vilipokwisha na Wajerumani waliposhindwa, jenerali mmoja aliwaita askari hodari, akamuuliza kila mmoja anataka zawadi gani. Huyu akaomba nishani, yule akaomba cherehani. Yeye, mtoto wa watu wa migomba, akaomba ardhi, akapewa Kolon.

"Ulipigana hukohuko Ulaya?"

"Ta, mimi sipendi kusimulia vita."

Hilo lilikuwa kweli. Vita vyote alivimaliza jikoni, kambi ya Nairobi, akimenya viazi, na viazi havina masimulizi marefu.

"Na wenyeji wa mji?"

"Wapo. Mtu aliyeshindwa vita ataenda wapi? Ni watwarwa wangu."

Hapo Ta Rwegoshora alifumba macho, nasi tumvumilie, kwa sababu si kila siku mtu huona maono. Maisha yake yote alikuwa akivua kofia Mzungu akipita. Sasa aliwaona Wazungu wakiteremka mlima mmoja nyuma ya mwingine, vibuyu vichwani, wakiulizana kwa wasiwasi kama bwana ameamka vizuri.

"Wanaleta nini?" akauliza. "Rubisi?"

"Baridi ya kule hairuhusu ndizi. Wanaleta maji ya marashi. Haya hapa mezani yametoka kwangu, na wewe unayanunua kwa Mhindi. Hebu fikiri, Ta, mtu mwenye hadhi kama yako kununua dukani kitu ambacho angeletewa bure."

"Mbona hukai huko, basi?"

"Matoke," akasema Desderius, na safari hii macho yake yalilowa bila kulazimishwa. "Aliyelelewa kwa matoke hawezi kuzeeka kwa viazi. Mimi nataka kibanja kimoja tu hapa nyumbani, nioe, nitulie. Atakayenipa kibanja, Kolon ni yake."

Rwegoshora akamchukua hadi mlangoni. "Chagua," akasema.

Ng'ambo ya bonde kulikuwa na kibanja kilichopita vyote kwa uzuri: migomba minene, mibuni iliyopunguzwa vizuri, nyumba imezungukwa na ua safi. Desderius akanyoosha kidole. Rwegoshora alikohoa, akatazama pembeni, akakubali kabla Ma Placidia hajarudi kutoka jikoni.

Lakini ardhi ya huku haihami kwa maneno ya mlangoni. Ni lazima wazee waitwe, mipaka izungukwe kwa miguu, na mramura upandwe kwenye kona ili mti huo uwe shahidi. Desderius alijua hivyo kwa upande wa kibanja. Hakutarajia kwamba kesho yake asubuhi Rwegoshora angewaleta Mzee Methodius, katekista mstaafu, na Mzee Kashaija, kisha aseme, "Haya, tuonyeshe kwanza mipaka ya Kolon."

"Kolon iko mbali, Ta."

"Kitabu kiko hapa."

Mtu mwingine angeshtuka. Desderius aliomba panga, akaingia katika migomba ya Rwegoshora na ramani mkononi, akaanza kuujenga mji. Mfereji wa maji ukawa mto Rhine. Gogo lililoulalia likawa daraja. Migomba miwili mirefu ikawa minara ya kanisa, na majani makavu yaliyotandikwa nusu duara yakawa barabara kuu inayouzunguka mji. Kisha akatangulia, na watu wazima watatu wakamfuata kwa adabu.

"Huu ni mlango wa zamani wa mji. Inameni kidogo, ni wa kale. Hapa kulia ni soko."

Mzee Kashaija akaruka mfereji kwa mkato.

"Umezama, Mzee," Desderius akamwambia. "Daraja liko huku."

Kashaija akarudi, akapita juu ya gogo. "Na makaburi yako wapi? Ardhi isiyo na makaburi si ardhi."

"Yamo kanisani. Wale Mamajusi watatu walioifuata nyota, watu wa kule husema mifupa yao imehifadhiwa humo."

Mzee Methodius akavua kofia, akafanya ishara ya msalaba mbele ya migomba miwili.

"Kwa hiyo hata Mamajusi ni watwarwa wangu?" akauliza Rwegoshora.

"Hao hawatozwi, Ta. Ni marehemu."

Mramura ukapandwa karibu na mlango wa kale. Halafu wakavuka bonde, na Rwegoshora naye akaonyesha mipaka ya kibanja. Mjane aliyekilima, alisema, amekwenda msibani Kituntu. Wazee walitembea kimya, wakaonyesha kila mramura mahali pake, bila kukosea hata mmoja. Ndipo wakanywa rubisi, na Desderius akalala akiwa mtu mwenye kibanja.

Asubuhi alikwenda kuhamia. Mjane alikuwa amerudi, naye ni Ma Eustadia, mama wa makamo, mwembamba, anakata majani makavu ya migomba kwa panga.

"Shikamoo, Ma."

"Marahaba. Umepotea, mwanangu?"

"Nimefika, Ma. Mimi ndiye bwana mpya wa kibanja hiki. Usiogope, sina haraka, waweza kukaa mpaka mwisho wa mwezi."

Ma Eustadia aliendelea kukata. "Kibanja hiki ni changu. Rwegoshora alinishitaki barazani, akashindwa mbele ya Ihanda nzima. Mimi si mtwarwa wa mtu tena."

"Jana wazee wamenionyesha mipaka."

"Walikosea mahali?"

"Hawakukosea."

"Basi una malalamiko gani? Uliwauliza mipaka iko wapi, wakakuonyesha. Ungewauliza ni ya nani, wangekuambia pia. Wazee wa hapa hawajibu swali ambalo halijaulizwa, hasa rubisi ikiwa bado haijaletwa."

Hasira ya mtu mwaminifu aliyeibiwa ni kubwa, lakini ni moto wa karatasi ukiilinganisha na hasira ya mjanja. Desderius alivuka bonde mbiombio akilaani udanganyifu wa siku hizi. Ma Eustadia akamfuata na panga lake mkononi. Alitaka kujua yeye na migomba yake walibadilishwa kwa kitu gani.

Walimkuta Rwegoshora na wazee wale wawili, wamemalizia kibuyu, ramani imetandazwa juu ya mkeka. Rwegoshora alikuwa akimtengea mkwewe nyumba karibu na daraja.

"Ta, umenipa kibanja cha mtu."

"Nilikupa kile ulichokionyesha kwa kidole. Ungeonyesha kingine, ningekupa kingine."

"Basi naurudisha mji wangu."

Rwegoshora akaufunika mji kwa viganja viwili. Yule mtu aliyekuwa akijiona mjanja tangu juzi alionekana ghafla kama mama anayenyang'anywa mtoto. "Mji haurudi," akasema. "Kuna kibanja Kituntu, ng'ambo ya kanisa. Mibuni imekomaa. Chukua hicho."

Desderius sasa alikuwa amesoma. Akawageukia wazee. "Hicho ni cha nani?"

"Ni chake kweli," akajibu Mzee Methodius. "Umeona? Ukiuliza unajibiwa."

Desderius alicheka mpaka pengo la mbele likaonekana. Kibanja cha kweli, chenye kahawa, kwa kitabu cha muuza karanga. Tayari alikuwa akifikiri ni mlango upi wa kubisha kwanza kuposa.

"Waitu," akasema Ma Eustadia kwa adabu kutoka mlangoni, "huko Kolon, watwarwa wameshaambiwa?"

"Wameambiwa nini?" Rwegoshora akauliza.

"Mimi nauliza tu. Siku marehemu mume wangu alipobadilishiwa bwana, yule wa zamani alikuja mwenyewe mlangoni kwetu, akasema, kuanzia leo kibuyu pelekeni kwa Rwegoshora. Asingekuja, tungeendelea kumpelekea yeye. Sasa hao wa Kolon wakiendelea kumletea Desderius marashi, wewe utamshitaki wapi?"

Rwegoshora alimtazama yule mama aliyemshinda barazani, na kwa mara ya kwanza alimtazama kwa shukrani. "Kweli kabisa. Ataandika barua."

"Posta ya Ulaya tangu vita haiaminiki, Ta," akasema Desderius.

"Ndiyo maana itapitia kwa Bwana DC, Bukoba. Ataisoma, ataigonga muhuri, ataipeleka kiserikali."

"Bwana DC ana kazi nyingi sana."

"Kazi yake ni ardhi."

Desderius akatazama mlango. Ma Eustadia alikuwa amesimama hapohapo, anajaribu ukali wa panga kwa kidole gumba. Desderius akikataa kuandika, amekiri kuwa mji si wake, na kibanja kimekwenda. Akiandika, DC atajua kuna mtu anagawa miji ya Ulaya. Alikifikiria kibanja cha Kituntu, mibuni yake iliyokomaa, akavuta karatasi.

Mzee Methodius alisimama nyuma ya bega lake akisoma kila neno kwa sauti: "'Kwa watwarwa wangu wa Kolon, salamu. Mimi niliyekuwa bwana wenu nawajulisha kuwa nimewatoa ninyi nyote, pamoja na mto, daraja na kiwanja cha kanisa, kwa Ta Rwegoshora wa Ihanda, nami nimepewa kibanja. Marashi pelekeni kwake. D. N.' D. N. ni nani?"

"Wao wananijua hivyo, Mzee."

"Bwana DC hakujui hivyo. Andika jina lote."

Akaandika jina lote. Wakamtaka na kidole. Akakitia katika masizi ya chungu, akakigandamiza.

"Na mahali anapokaa sasa," akasema Ma Eustadia. "Mtu amewatunza watwarwa miaka yote hii. Bwana DC anaweza kutaka kumshukuru."

"'Anapatikana Kituntu, ng'ambo ya kanisa,'" Mzee Methodius akasoma, "'wakati wowote.' Hapo sawa."

Nje gari la kahawa lilipiga honi. Rwegoshora akaikunja barua, akaitia katika bahasha, akayeyusha kwenye kaa la moto kipande cha lakiri kilichobaki tangu siku za kesi yake, akaidondosha juu ya bahasha na kuigandamiza kwa kizibo cha chupa ya marashi. Cassian, dereva, akaingia na kunyoosha mkono.

"Bado laini," Rwegoshora akasema. "Desderius, puliza."

Desderius akainama, akapuliza polepole, mashavu yamejaa, mpaka lakiri ikaganda. Cassian akaipokea, akaigeuza huku na huku.

"Ni ya haraka?"

"Si sana," akasema Desderius.

"Sana," wakasema wengine wote, na Cassian akaitia barua katika mfuko wa koti, akapanda garini, akaondoka kwenda Bukoba.